Filamu Inayokubali Kujibiwa

Neno letu "hadithi" lina mambo. Mtoto akikaa ukumbini kwa bibi yake, akaambiwa paukwa akaitika pakawa, anayoyasikia ni hadithi, na kila mtu pale ajua kwamba sungura hasemi. Mtoto huyo huyo asubuhi yake aenda chuoni, na maalim amsomea hadithi ya Mtume, rehema na amani zimshukie. Neno ni lile lile, lakini jambo si lile. Hapa kwanza huulizwa: nani kaipokea, naye kaipokea kwa nani, na huyo alikuwa mtu wa namna gani? Hiyo ndiyo isnadi. Mimi nilifunzwa hayo nikiwa nimekaa mkekani, ubao mapajani, kabla sijajua gazeti ni kitu gani, na yamenifaa katika kazi hii ya uandishi kuliko mafunzo mengi niliyoyapata baadaye. Nimeyakumbuka wiki iliyopita hapa Shanzu ninapokaa, baada ya kutazama filamu moja ambayo nusu yake ni hadithi ya bibi na nusu yake ni hadithi inayotaka isnadi.

Filamu yenyewe yaitwa Watatu. Ilitoka mwaka 2015, ikatengenezwa hapa hapa Mombasa na wasanii wa Pwani, na mwongozaji wake ni Nick Reding, Mwingereza aliyekuwa mwigizaji kabla ya kuanzisha shirika la S.A.F.E. Kenya, ambalo hutumia michezo ya kuigiza kuwafikia watu mitaani. Waliomwona katika filamu ya The Constant Gardener ya mwaka 2005, iliyopigwa nchini Kenya, huenda wakaikumbuka sura yake.

Sikuitazama ilipotoka. Nasema kweli, nilipoambiwa kuna filamu ya Mzungu juu ya vijana wa Kiislamu wa Pwani na siasa kali, nilijifunika shuka nikageukia ukutani. Nilikuwa nimechoka. Miaka ile kila aliyekuja kwetu na daftari au kamera alitaka jambo moja tu, nalo ni kuonyeshwa gaidi. Ukimwonyesha mvuvi, amtazama kidogo kisha auliza gaidi yuko wapi. Basi nikaiacha ikapita. Ni mpwa wangu aliyeniletea juzi, akaniambia, "Mjomba, hii itazame mpaka mwisho, maana mwisho wake si mwisho."

Kwa asiyeijua Shanzu, nimweleze. Ukitoka kisiwani ukavuka daraja la Nyali, ukaipita Bamburi na kiwanda chake cha saruji, na hujafika bado daraja la Mtwapa, hapo katikati ndipo. Upande wa bahari yako mahoteli. Upande wa bara tuko watu. Na kule karibu na mkono wa bahari wa Mtwapa liko gereza la Shimo la Tewa, na mahakama ya Shanzu. Nje ya mahakama hiyo, tarehe 1 Aprili 2014, alipigwa risasi akafa Sheikh Abubakar Shariff, aliyejulikana zaidi kwa jina la Makaburi. Umoja wa Mataifa ulikuwa umemtaja kuwa na uhusiano na Al-Shabaab. Alikuwa na kesi mahakamani. Hukumu ikamfikia nje ya mlango, na si hakimu aliyeitoa. Kabla yake, tarehe 27 Agosti 2012, Sheikh Aboud Rogo Mohammed aliuawa kwenye barabara hii hii ya Malindi akiwa garini na jamaa zake, na Oktoba 2013 mhubiri mwengine wa Masjid Musa akauawa pamoja na wenzake watatu, barabara ile ile. Wauaji hao hawajafikishwa kizimbani.

Wala damu haikuwa ya upande mmoja. Tarehe 23 Machi 2014 watu waliokuwa wakisali kanisani Likoni walimiminiwa risasi. Tarehe 10 Juni mwaka ule ule aliuawa huko huko Likoni Sheikh Mohammed Idris, mwenyekiti wa Baraza la Maimamu na Wahubiri wa Kenya, mzee aliyesimama waziwazi kuwapinga vijana wa siasa zile. Siku chache baadaye ikawa Mpeketoni, ambako watu zaidi ya sitini walipoteza maisha yao. Nayataja haya kwa tarehe kwa sababu nimeona yameanza kusahauliwa na waliokuwa mbali, na wale waliokuwa karibu hawayasemi. Hapa Shanzu mtu aweza kukueleza habari za mpira za mwaka 2014, goli kwa goli, lakini ukimwuliza habari ya mwezi wa Aprili mwaka ule, atakuuliza chai yako waitaka na tangawizi au bila.

Sasa Watatu ni kisa cha wanaume watatu katika Mombasa hiyo: Jack, askari; Salim, rafiki yake; na Yusuf, mpwa wake Salim, kijana ambaye moyo wake wavutwa na wale wanaomwambia kwamba dunia nzima ni adui yake. Sehemu ya kwanza ni hadithi ya kubuni iliyojengwa juu ya mambo yaliyotokea. Yaenda vizuri kama filamu nyengine yoyote, na wasanii wazungumza Kiswahili cha watu, si kile cha taarifa ya habari. Kisha pale mambo yanapoharibika na mtazamaji anapongoja machozi na muziki, filamu yatutoa nje. Twajikuta mtaani, katika jua la Mombasa, na wasanii wale wale wakicheza kisa kile kile mbele ya watu waliosimama. Na watu hao waulizwa: je, ni wapi ambapo mambo yangaliweza kushika njia nyengine? Mwenye jawabu hapewi nafasi ya kuhutubu tu. Aambiwa aingie uwanjani, amtoe msanii mmoja, ashike nafasi yake, acheze. Kamera yaangalia. Hapo si hadithi tena. Ni mtu wa kweli, na uoga wake wa kweli, akijaribu kumzuia kijana wa uongo asiende kufa.

Mbinu hii Reding hakuizua yeye. Yatokana na Augusto Boal, mtu wa michezo ya kuigiza wa Brazil, aliyeiendeleza akiwa uhamishoni huko Peru mwanzoni mwa miaka ya 1970. Boal mwenyewe alisimulia ilivyozaliwa, na kisa chake chachekesha. Mama mmoja asiyejua kusoma alikuwa amewekewa makaratasi na mumewe, akaambiwa ni hati za nyumba. Alipompa jirani amsomee, zikawa barua za mapenzi za mwanamke mwengine. Boal akacheza kisa hicho na kuwauliza watazamaji afanyeje mke huyo usiku mume akirudi. Wakatoa mashauri, wasanii wakayacheza yote. Mwanamke mmoja mwenye mwili wake akawa haridhiki. Kila wanavyocheza shauri lake, yeye asema hapana, sivyo nilivyosema. Mwishowe Boal akachoka, akamwambia njoo ucheze wewe. Mama akapanda, akashika ufagio, na yule msanii maskini aliyekuwa mume akapigwa pigo la kweli kweli. Tangu siku hiyo Boal akajua kwamba ziko kauli ambazo mtu hawezi kumtuma mwengine amsemee.

Nilipolisoma hilo zamani nilicheka, lakini sikushangaa. Kwetu sisi watu wa shairi, hakuna kauli isiyokuwa na jawabu. Muyaka bin Haji alitoa beti hapa Mombasa, Lamu wakamjibu, naye akawarudishia. Na kurasa za mashairi katika magazeti yetu ya Kiswahili ziliishi kwa majibizano miaka na miaka. Mtu alitunga Malindi, akajibiwa kutoka Tanga, na mwezi ujao yuko wa tatu ajiingiza kutoka Pemba kusema nyote wawili mmekosea. Na hata mchezo wa kuigiza, si mgeni wa majibu katika nchi hii: mwaka 1977 huko Kamiriithu, Limuru, wanakijiji waliuhudhuria mchezo wa Ngaahika Ndeenda ukiwa bado wafanyiwa mazoezi, wakawasahihisha wasanii hadharani, mpaka serikali ikaufunga, na mwisho wa mwaka Ngugi wa Thiong'o akawekwa kizuizini. Filamu ndiyo pekee iliyozoea kusema bila kujibiwa. Uliketi Regal au Naaz katika kiza, ukalia na Wahindi au ukacheka nao, na taa zikiwashwa hukuwa na wa kumwambia neno ila aliyekaa kiti cha pili.

Nakubali kwamba katika kutazama nilikuwa na shaka yangu, na bado sijaiacha yote. Tumeletewa filamu za kutufunza tangu zamani. Kati ya mwaka 1935 na 1937, huko Vugiri katika milima ya Usambara, Waingereza walifanya jaribio lao la senema kwa Waafrika, wakatengeneza filamu zipatazo 35: za mashamba, za kodi, za magonjwa. Nyingi zilikuwa na kijihadithi ndani yake, na wachezaji walikuwa wenyeji. Yupo mjinga na yupo mwerevu; mjinga hataki kusikia, mwerevu asikia, na mwisho mwerevu apata. Mjinga alikuwa sisi. Nani aliyekuwa mwerevu? Naye alikuwa sisi pia, ila yule sisi aliyekwisha kumsikiliza bwana shauri. Kwa hiyo leo nikiona fedha kutoka nje zimewekwa kwenye filamu inayotaka kuwaokoa vijana wetu, sikio langu moja husimama. Je, ni yale yale ya Vugiri, ila mahali pa mbu pamewekwa siasa kali?

Naona tofauti ni moja, nayo ni kubwa. Filamu ya Vugiri ilikuwa na jawabu kabla haijaanza. Watatu, ikifika katikati, yakiri kwamba haina. Yauliza, na walioulizwa ni watu wa mitaa ile ile yenye msiba. Mtu akiingia uwanjani akajaribu, na jaribio lake likashindwa, kushindwa huko kwabaki ndani ya filamu.

Na nipime upande wa pili, wasije wakasema nampendelea mtu. Mtengenezaji filamu ambaye dunia yamsifu kwa kuchanganya ya kweli na ya kubuni ni Ulrich Seidl wa Austria, aliyezaliwa mwaka 1952. Huyu alianzia katika filamu za mambo ya kweli, na alipoingia katika za hadithi aliingia na mazoea yake: haandiki mazungumzo, huwachanganya waigizaji wa kazi na watu wa kawaida, hupiga picha mahali penyewe, na hungoja mpaka litokee jambo ambalo hakuna aliyelipanga. Mwaka 2012 alipeleka Cannes filamu yake Paradies: Liebe, yaani Peponi: Mapenzi. Pepo hiyo ni huku kwetu, pwani ya Kenya. Mwigizaji Margarethe Tiesel ni Teresa, mama wa Vienna wa umri wa makamo anayekuja kupumzika hotelini na kununua mapenzi kwa vijana wa ufuoni. Vijana hao wachezwa na vijana wa ufuoni wenyewe, ambao hawakuwa waigizaji. Peter Kazungu ndiye Munga, kijana ambaye kila akimpenda bibi yule huwa pana dada yake mwenye mtoto mgonjwa, mpaka bibi ajue kwamba dada si dada.

Nisidhulumu. Ni filamu yenye macho makali. Iko picha moja ambayo kila mtu wa Shanzu ataitambua bila kuelezwa: Wazungu wamelala safu moja juu ya vitanda vya kuotea jua, kamba imepigwa mchangani, na upande wa pili wa kamba vijana wamesimama, wameshika bidhaa zao, kimya, wangoja mmoja anyanyuke avuke. Askari apita katikati na fimbo yake. Hapana neno lisemwalo. Mimi niliwahi kuuza vikoi ufuoni nikiwa kijana, misimu miwili kabla sijaajiriwa gazetini, na nasema kwamba miaka ya kuandika sijaweza kuisema kamba ile kama ilivyosemwa na picha ile. Na filamu haiwaonei Waafrika peke yao. Bibi zile za Austria zavuliwa nguo na heshima zote mbili, hata mtu mwenye haya alazimika kutazama pembeni. Nilitazama pembeni mara nyingi.

Lakini filamu ikiisha, wale vijana wamebaki pale pale nyuma ya kamba. Wamepewa kamera na hawakupewa kauli. Mbele ya dunia, kijana wa Pwani ni mwongo anayecheka. Wanaojua kwamba amecheza, na wasiojua, wote watoka wakiwa wamemwona "wa kweli", kwa sababu sifa ya filamu yenyewe ni hiyo: kwamba ni wa kweli. Huo ndio mtego wa mchanganyiko huu. Ukicheza hadithi tupu, mtu aweza kukuambia umezua. Ukipiga ya kweli tupu, aweza kukuambia umekosea. Ukichanganya, kila ukiulizwa la kweli wajibu ni hadithi, na kila ukiulizwa la hadithi wajibu ni kweli. Mwaka 2022 gazeti la Der Spiegel la Ujerumani lilichapisha malalamiko ya kwamba katika filamu nyengine ya Seidl, Sparta, iliyopigwa Rumania, watoto waliocheza na wazazi wao hawakuelezwa sawasawa filamu yahusu nini. Mwenyewe aliyakataa madai hayo. Mimi si hakimu wa Rumania. Nasema tu kwamba swali lililoulizwa huko ndilo lile lile la kamba ya ufuoni.

Nami nalijua kwa mwili wangu. Miaka iliyopita walikuja watu na kamera wakitafuta mzee wa mashairi. Sikuwa mzee, lakini walinipa kanzu mpya na bakora, nikawa mzee. Wakanikalisha mbele ya magofu, pahali ambapo sijapata kukaa maishani mwangu, wakaniambia nikariri huku nikitazama bahari. Nikakariri. Walisema watanipelekea filamu. Bakora wakaichukua, kanzu wakaniachia. Mpaka leo sijui nilisema nini katika filamu ile, kwa maana aliyekuwa akitafsiri alikuwa akisema maneno mengi kuliko niliyoyasema mimi.

Yuko mtu aliyefanyiwa namna hii akajibu, na jina lake lafaa kujulikana kwetu. Mfaransa Jean Rouch alitoa mwaka 1958 filamu yake Moi, un noir, aliyoipiga Treichville, Abidjan, pamoja na vijana wa Niger waliokwenda kutafuta vibarua. Vijana walicheza maisha yao, wakajipa majina ya mabingwa wa senema, na kisha wakatia sauti zao wenyewe juu ya picha. Wengi walimsifu Rouch. Sembène Ousmane wa Senegal hakumsifu. Mwaka 1965 alimlaumu usoni kwamba awatazama Waafrika kama mtu atazamaye wadudu. Na mmoja wa vijana wale, Oumarou Ganda, aliyekuwa askari wa Ufaransa katika vita vya Indochina, hakutosheka na alivyoonyeshwa. Akashika kamera yeye, akatengeneza Cabascabo mwaka 1968, kisa cha askari arudiye kwao kutoka Indochina. Shairi limejibiwa kwa shairi. Kutoka kibarua wa bandarini, akawa mmoja wa mabwana wa filamu wa Afrika.

Na wako wanaotengeneza filamu ambao hujiweka wao wenyewe upande wa wanaotazamwa. Philippa Ndisi-Herrmann, mwanamke wa Kenya, alikwenda Lamu kupiga filamu ya bandari mpya iliyokuwa ikijengwa huko. Akakaa, akasikiliza, na filamu ikamgeukia yeye mwenyewe: ilipotoka mwaka 2018 kwa jina la New Moon, haikuwa tena habari ya bandari bali ya mwanamke aliyeingia katika Uislamu. Wapo walionung'unika kwamba bandari imeachwa. Mimi sinung'uniki. Alikwenda na swali moja, watu wa Lamu wakamjibu jengine, naye akakubali kujibiwa.

Nirudi kwa Watatu, maana nina lawama nayo pia. Mchezo wa kuingia na kubadilisha una mpaka wake. Kijana wa mtaani aweza kuingia akashika nafasi ya Salim, akamsihi mpwawe. Hilo ni jambo lililo mikononi mwetu, na twastahili kuambiwa kwamba tulilegea. Lakini hakuna mtazamaji awezaye kuingia kati ya pikipiki na gari usiku kwenye barabara ya Malindi. Wala hakuna awezaye kushika nafasi ya yule asiyejulikana aliyemchukua mtoto wa watu asirudi. Wamombasa wengi wana jamaa waliopotea hivyo, na filamu inayouliza "ungalifanya nini wewe?" yaweza, bila kukusudia, kumbebesha mama aliyefiwa mzigo ambao wenyewe ni wengine. Filamu hii ina askari ndani yake, naye ni mtu, ana rafiki na ana dhamiri. Hilo ni jema. Swali langu ni hili: baada ya watu wa mitaani kuingia uwanjani, ni lini wakubwa wa polisi nao watasimama duara lile, waambiwe ingia, cheza?

Na ziko haja mbili za hapa nyumbani nisiziache. Moja, filamu zilizopigwa kwetu zionyeshwe kwetu, na zionyeshwe mbele ya zile nyuso zilizomo. Si kwa hisani; iwe ni sharti tunaloliweka sisi kabla ya kuvaa kanzu ya mtu na kushika bakora yake. Tukitaka kuogopwa tuulize mapema: nitaiona lini, na nikiikataa itakuwaje? Ya pili yawahusu maimamu na walimu wetu. Najua wako wasioipenda picha kabisa, na siwabishii hapa, wana hoja zao na vitabu vyao. Lakini kijana aliye Utange au Mjambere ana picha mfukoni mchana na usiku, na waliomvuta Yusuf walimvuta kwa picha za simu kabla ya kumvuta kwa mawaidha. Kaseti na video za wale zilikuwa zikizunguka ilhali sisi twajadiliana kama kuzunguka kwafaa.

Basi tuliitazama tukiwa saba, kibarazani kwangu baada ya isha, katika kompyuta ya mpwa wangu iliyowekwa juu ya kreti ya soda. Vijana wanne, mzee mmoja jirani yangu, mpwa wangu na mimi. Mama anayetuuzia mahamri asubuhi alikuwa amekuja kudai pesa zake, akasimama mlangoni, akawa hakuondoka. Ilipofika pale filamu inapotoka nje na kuuliza, mpwa wangu aliisimamisha. "Haya," akasema, "tusiwangoje wao. Nani aingia?"

Walicheka kwanza. Kisha kijana mmoja, fundi wa pikipiki, akainuka kuwa Salim, akamhubiria Yusuf kwa aya na hadithi, vizuri sana, na yule aliyekuwa Yusuf akamjibu kwa aya na hadithi vizuri kumshinda. Wa pili akajaribu kumtisha. Yusuf akamcheka. Hapo mama wa mahamri akasema kutoka mlangoni, "Nipisheni, nataka kuwa mamake."

Akaingia na mtandio wake, akakaa kwenye ukingo wa baraza. Hakumhubiria. Akamwuliza, "Umekula?" Yusuf akasema amekula. "Umekula wapi?" Akasema kwa marafiki. "Marafiki gani wana chakula kila siku na hawana kazi? Na hivi viatu kakununulia nani?" Yusuf, ambaye alikuwa ameshinda aya zote, akaangalia viatu vyake. Ni kweli vilikuwa vipya. Mama akaendelea kuuliza, taratibu, kiatu kwa kiatu, na kijana yule, mchezoni, akaanza kudanganya vibaya, akajichanganya, mwisho akasema, "Mama, mimi siwezi kukuambia," kwa sauti ambayo si ya mchezo. Tukanyamaza wote. Mzee jirani yangu alitoa leso akapangusa miwani.

Mpwa wangu akauliza nani sasa ashike nafasi ya Jack, askari. Hakutokea mtu. Akauliza tena. Fundi wa pikipiki akasema yeye hata kwa mchezo hawezi, mwilini mwake hakukubali. Mama wa mahamri akasema basi acheni, muda umekwenda, na kweli ulikuwa umekwenda, ilikuwa karibu saa tano. Alipewa pesa zake akaondoka.

Ijumaa ijayo tutaendelea, insha Allah, na safari hii tumeazimwa projekta na jirani anayefanya kazi ya harusi. Ukuta wa nyumba yangu umepakwa chokaa mpya. Mwenye kiti aje nacho, na kama yuko askari wa kituo chetu asomaye ukurasa huu, mlango ni wazi kwake pia; nafasi ya Jack bado haijashikwa.